Beberu Ambaye Hakuna Aliyemdai

Beberu alikuwa amefungwa nyuma ya kituo cha polisi, kwenye gurudumu la pikipiki iliyokamatwa zamani, akitafuna katoni. Nilimwona kwa sababu nilikuwa nimetoka nje kukwepa watu. Mimi ni mtu wa haya. Mwalimu akiniuliza swali darasani ninalijua jibu lakini koo linafunga, na kwenye ripoti kila muhula wanaandika nijitahidi kushiriki. Kwa hivyo watu wakikusanyika mimi hupata kisingizio cha kwenda nyuma ya nyumba. Ukweli ni kwamba nyuma ya nyumba ndiko nimejifunzia mambo mengi.

Ndani ya kituo, Mama alikuwa akiandikisha taarifa. Wiki iliyotangulia watu walikuwa wamevunja zizi letu wakaenda na mbuzi wawili, majike wa rangi ya udongo, na sisi tumelala. Halafu siku ya soko Mukuyuni, baba mkubwa, kaka yake Baba, akawaona majike wawili wa rangi hiyo hiyo katikati ya mbuzi wa kijana mmoja mfanyabiashara. Akawashika masikio. Akapiga kelele.

Nieleze haya masikio. Kwetu Ukambani ukoo una alama yake, na mbuzi akiwa bado mdogo anakatwa sikio kwa alama hiyo. Ya ukoo wa Baba ni kipande kidogo cha pembetatu kilichotolewa kwenye ncha ya sikio la kushoto na mpasuo chini ya la kulia. Pale tunapoishi, upande wetu wa mto, ni boma letu na la baba mkubwa tu yenye alama hiyo, majirani wote ni wa koo nyingine. Kwa hivyo tangu nikiwa mtoto, nikiona masikio hayo najua ni mbuzi yetu, narudisha nyumbani. Sikuwahi kufikiria zaidi ya hapo, na sidhani mtu mwingine yeyote kwetu aliwahi.

Huyo kijana ni Mwislamu. Familia yao ilitoka upande wa kaskazini mashariki, lakini yeye alizaliwa Makindu na anaongea Kikamba kunishinda mimi niliyeharibiwa na bweni. Hiyo haikumsaidia sokoni. Niliambiwa watu walianza kuokota mawe wakisema hawa watu ndio humaliza mbuzi zetu, na kama polisi wawili hawangekuwa karibu wakinunua miwa, singekuwa na hadithi ya kuandika, ningekuwa na matanga.

Nilirudi mbele ya kituo, walikofungwa wale majike, wakati askari anamuuliza Mama, "Hawa wawili ni wako?"

Mama alimshika jike mmoja sikio, akamgeuza. Ukame ulikuwa umewakausha mbuzi wote wa Makueni wakafanana, mbavu na macho tu. "Masikio ni yetu," alisema.

"Kwa hivyo ni wako."

"Kama masikio ni yetu..." Mama akaliachia sikio. "Si basi ni wetu."

"Ni yao! Andika, afande," baba mkubwa alisema. "Hiyo alama naijua kuliko jina langu."

Mimi nikasema, kwa sauti ambayo nadhani ni mbu pekee angesikia, "Na yule beberu wa nyuma je, aliyekamatwa pamoja nao? Pia yeye ana masikio yetu."

"Huyo ni wa mtu mwingine wa ukoo," baba mkubwa akanijibu bila hata kwenda kumtazama. "Mwizi haibi boma moja. Mwenyewe atajitokeza."

Akapiga picha ya masikio, masikio peke yake, akaituma kwenye grupu ya ukoo: MWIZI AMEPATIKANA, ALIYEPOTEZA BEBERU AJE. Kwenye hiyo grupu wako watu hadi wa Mombasa. Walituma makofi na maombi. Beberu hakuna aliyemdai.

*

Siku ya kwanza kortini nilienda na Mama kwa sababu ilikuwa likizo ya Aprili na Baba yuko barabarani na lori. Kijana alisimama kizimbani na shati ambalo nadhani ni lile lile alilokamatwa nalo. Alikana. Alisema kibali chake cha kusafirisha mbuzi kiko sawa, na kweli kilikuwa sawa, lakini kibali hutaja idadi tu, hakitaji sura za mbuzi. Akasema hao watatu wenye masikio yaliyokatwa aliwanunua pamoja, boma moja, Matinyani.

"Kwa nani?" hakimu akauliza. Hakimu ni mwanamke wa miwani, anaongea polepole, hachoki.

"Jina sikumuuliza, mheshimiwa. Nilimwita mzee tu. Nje ya nyumba kuna tangi la maji jeusi lililopasuka, wamelikata katikati wakapanda sukuma wiki ndani."

Watu wakacheka. Hata mimi nilitabasamu, niseme ukweli. Mpelelezi akaeleza kwamba walimpigia simu mzee wa kijiji kule, naye akauliza, na kila boma lilisema halijauzia mtu yeyote mbuzi. Hakimu akampa kijana dhamana, lakini iliyohitaji mdhamini mwenye cheti cha shamba, na watu wake wanaishi kwa nyumba ya kupanga. Akarudishwa rumande.

Tulipotoka, mama yake alikuwa kwenye benchi la nje, buibui limejaa vumbi la safari. Alisimama. Nikadhani atatutukana. Alimsalimia Mama kwa Kikamba, wakapeana mikono, kisha akauliza, "Dada yangu, wewe ulimwona mwanangu kwako?"

"Sikumwona," Mama akajibu.

"Basi yupo aliyemwona alikokuwa."

Usiku Mama alipokuwa anachagua maharagwe alitupa mazuri pamoja na mabovu.

*

Muhula wa pili ulipita. Nilikuwa shuleni nikijaribu kusoma kemia na beberu ananijia kichwani. Kilichonisumbua kilikuwa rahisi. Mtu wa kwetu akipoteza mbuzi, hata wa kukonda namna gani, anatembea hadi aulize kwa chifu, kanisani, kwa mafundi wa boda. Huyu beberu ana picha yake kwenye simu za ukoo mzima na mwenyewe hataki? Nilimwuliza jirani yangu wa kitanda, akaniambia niache kesi za mbuzi nisome, kwani nataka kuwa wakili? Nilisema hapana. Lakini swali lake lilinikaa.

Agosti, kesi ikiwa imepangiwa kusikizwa wiki inayofuata, baba mkubwa alimtuma Mama Matinyani. Mwana wa baba mkubwa alikuwa ameoa huko huko mwaka uliopita, lakini Matinyani ni kubwa na hakuna aliyeunganisha mambo, na sasa mkewe alikuwa amejifungua mtoto wa kwanza kwa mama yake, kwa sababu mume anafanya kazi Mombasa. Tukapeleka unga wa uji, blanketi na kuku. Mimi sikuwa nimewahi kufika huko. Mama pia hakuwa amefika. Wakati wa kupeleka mbuzi za mahari walienda wanaume na shangazi zangu, yeye alikuwa mgonjwa.

Tukaingia uani. Mbele ya nyumba kulikuwa na nusu ya tangi jeusi, limejaa udongo, sukuma wiki imesimama ndani kama wanafunzi kwenye paredi.

Nilisimama hapo hapo. Nilimtazama Mama, yeye akaendelea kutembea na kuku kwapani akisalimia watu.

Nilipelekwa jikoni. Huko alikuwa mke wa binamu yangu, mtoto mgongoni, anakoroga uji. Ni mkubwa wangu kwa miaka michache tu. Nilikaa kwenye kigoda, nikatazama moto. Nikahesabu kichwani kile ambacho kila Mkamba anakijua hata akiwa usingizini: ntheo, wale mbuzi wa kwanza ambao mume hupeleka kwa kina msichana ndipo ahesabike ameoa, ni majike wawili na beberu mmoja. Majike wawili na beberu mmoja. Wote watatu wana alama ya ukoo wa mume, kwa sababu wanatoka zizini kwake. Polisi waliwafunga majike mbele ya kituo na beberu nyuma, na sisi sote, na baba mkubwa aliyewatoa yeye mwenyewe, tukasahau kuwa ni watatu.

"Mbuzi za ntheo zako ziko wapi?" nikauliza. Ni swali la adabu mbaya sana. Lilitoka lenyewe.

Mwiko ukasimama. "Umetumwa na baba mkwe kukagua?"

"Haki ya Mungu sijatumwa."

"Mbona unauliza?"

"Nauliza tu."

"Watu wa kwenu hawaulizi tu." Kisha akaketi, akapunguza sauti. "Tuliuza. Mama alilazwa, nyasi hakuna, mbuzi wanakufa wakituangalia. Kuna kijana wa kununua alipita hapa. Mpole, hata chai alikataa kwa sababu alikuwa amefunga. Tafadhali usiseme. Ntheo hawauzwi hivyo, mtoto hata hajazaliwa. Baba mkwe akisikia atasema tumekula heshima yake na chumvi."

"Na mzee wa kijiji alipokuja kuuliza?"

"Baba akasema hajauza. Ungetaka aseme nini? Tulidhani ni mambo ya vibali."

"Huyo kijana yuko ndani tangu Aprili. Kwa hao mbuzi."

Uji ulifurika ukazima moto nusu, na hakuna aliyeuepua.

Nilipita sebuleni na trei ya vikombe. Mama alikuwa ameketi na mwenye boma, mzee mrefu aliyevaa koti licha ya jua. Niliweka kikombe cha Mama, nikainama, nikasema neno moja, "Tangi."

"Nimeliona tangu tuingie," Mama akanijibu kwa sauti ya chini. "Nilikuwa naomba liwe la mtu mwingine."

"Si la mtu mwingine. Waliuza ntheo."

Nilisema hivyo mbele ya wenyeji wetu, kwa sauti inayosikika. Mzee aliweka kikombe chini.

Sitaandika kila kitu kilichosemwa, kwa sababu sehemu nyingine mzee alilia, na si vizuri. Lakini hii naiandika.

"Mama," mzee alisema, "unataka nisimame mbele ya mkwe wangu niseme nilikula mbuzi za binti yangu?"

"Nataka usimame mbele ya hakimu useme uliuza mbuzi zako. Mkwe wako niachie mimi."

"Utamweza?"

"Simwezi. Lakini nitamwambia."

*

Baba mkubwa alikuja kwetu kesho yake kuuliza habari za mtoto. Mama alimpa kiti, akampa chai, akamwambia yote.

Kwanza alicheka. "Kwa hivyo shemeji umetoka hapa na blanketi ukaenda kumtafutia mwizi wakili Matinyani."

"Si mwizi."

"Hawa watu wamekupa nini?"

"Walinipa chai bila sukari, kwa mkwe wako."

Hapo uso wake ukabadilika. Si kuhusu kijana, ni kuhusu mbuzi. "Ziliuzwa? Ntheo yangu?" Alisimama, akakaa. Kisha akasema kile ambacho hata leo nikikumbuka najikunja: kwamba afadhali kesi iendelee, kijana ni mgeni, atakaa kidogo atoke, lakini ukoo ukijua mambo haya utachekwa mpaka Kibwezi. "Na wewe uliolewa tu, ulikuja kwa huu ukoo na viatu vyako. Alama yetu ulifundishwa."

"Nilifundishwa, ndiyo," Mama alisema. "Wewe ulizaliwa nayo, na mbuzi yako mwenyewe ukaipiga picha masikio ukatumia watu wote, hukuijua."

Mimi nilikuwa dirishani. Nilishika pazia nisicheke, na pia nilikuwa naogopa.

Usiku Baba alipiga simu. Nilisikia Mama anasema, "Ndiyo. Ndiyo, ni kaka yako. Lakini mimi ndiye nitaapa, si yeye." Kisha nadhani alimwambia avae ile nguo ya bluu ya kanisa, kwa sababu Mama alijibu, "Ya bluu imebana, nitavaa ya kijani."

*

Siku ya kusikizwa, Mama alimtafuta mwendesha mashtaka kabla kesi hazijaitwa, akamwambia kwamba mbuzi si wake. Mwendesha mashtaka alikuwa amebeba faili nyingi hadi kidevuni. "Mama, uliandikisha ni wako, ukatia sahihi. Ukigeuza maneno leo, unaweza kushtakiwa wewe kwa kudanganya polisi. Fikiria." Akaenda.

Mama alikaa kwenye benchi. Aliifungia mikono yake ndani ya leso. Mimi nilitaka kumwambia twende nyumbani. Nilitaka kweli. Mama yake kijana alikuwa ameketi karibu nasi, na hakujua lolote, alikuwa anasoma dua kwa midomo.

Mzee wa Matinyani hakuwepo.

Mama akaitwa. Akaapa. Akaulizwa kama mbuzi waliopatikana na mshtakiwa ni wake.

"Siku ile niliulizwa, nikashika sikio, nikasema ni wetu," alisema, na sauti yake ilianza chini kisha ikapanda. "Leo nimeapa. Ukweli ni kwamba nilitambua masikio. Mbuzi mwenyewe sikumtambua."

Mwendesha mashtaka aliinuka. "Shahidi, unafahamu kwamba taarifa yako—"

"Naifahamu. Kama ni kosa, niko hapa, sijakimbia. Lakini huyo mtoto wa watu hajaniibia."

Mimi nilikuwa nimekaa mgongo wima na sikujua nimeukaza tangu saa ngapi. Nilitaka kugeuka niwaambie wale watu wote kwamba huyo mwenye nguo ya kijani ni mama yangu. Mimi, ambaye hata jina langu kulitaja ni kazi.

Hakimu alivua miwani. Akamuuliza Mama amejuaje. Mama akaeleza tangi, akaeleza mbuzi watatu. Alipofika kwa majike wawili na beberu mmoja, karani akaacha kuandika, akaguna "ai!", mzee mmoja nyuma akajipiga paja, na nikaona habari ikitembea kwenye viti kama moto wa nyasi. Hakuhitaji kueleza ntheo ni nini.

"Huyo aliyeuza yuko wapi?" hakimu akauliza.

Hapo ndipo mlango ulifunguliwa. Aliingia baba mkubwa, na nyuma yake mzee wa Matinyani na koti lake. Nilikuja kujua baadaye kwamba mzee alishuka stejini asubuhi akashindwa kuvuka barabara, akakaa kwa duka la soda. Baba mkubwa, aliyekuwa akija kusikiza kesi, alimkuta huko. Nilimwuliza Mama walisemezana nini. Mama alisema baba mkubwa alimwambia, "Mkwe, twende. Wote wawili tumeshaaibika, tuaibike pamoja."

Mzee alitoa ushahidi wake akitazama sakafu. Baba mkubwa akaenda na askari mpaka kituoni, sasa kumwangalia beberu kwa mara ya kwanza. Akarudi akasema ni yule yule aliyemtoa yeye, pembe ya kulia ina ufa, na ufa ni yeye aliyeusababisha, siku alipomfunga vibaya kwenye gari la kwenda Matinyani.

Mwendesha mashtaka aliomba kuondoa kesi. Hakimu akakubali, akamwambia kijana aende nyumbani. Pia akasema mpelelezi alipaswa kufunga safari hadi Matinyani badala ya kupiga simu. Mwendesha mashtaka alimfuata Mama nje. "Mama, ungenieleza vizuri mapema."

"Nilikueleza, ukanitisha."

Aliangalia faili zake, akasema, "Ni kweli," akaondoka. Nilimheshimu kidogo kwa hilo.

Mama yake kijana hakumkumbatia Mama wala kupiga nduru. Alimshika mkono, mkono ule aliokuwa ameufungia kwenye leso, akaushika tu kwa muda mrefu. Kijana alikuwa amekonda kama mbuzi wake. Alinitazama akaniambia kwa Kikamba, "Umesomea wapi kuhesabu mbuzi?" Nikacheka badala ya kujibu. Ingawa ningependa kuandika hapa kwamba nilijibu.

Mbuzi watatu alirudishiwa. Sisi wetu hatukuwapata, na hakuna mtu aliyekamatwa mpaka leo. Kwenye grupu ya ukoo baba mkubwa hakufuta ile picha, aliandika chini yake: NI YANGU. NILIKOSEA. Mtu mmoja wa Mombasa akajibu kwa kucheka mistari mitatu, na baba mkubwa akamwachia.

Desemba mvua ilinyesha vizuri. Mama alinunua jike mwenye mimba kutoka kwa jirani, na jike huyo akazaa mtoto wa kahawia mwenye baka jeupe chini ya jicho. Baba mkubwa alikuja na kisu chake kumkata sikio, kama kawaida yake. Mama akamzuia mkono, akaniita kutoka nyuma ya nyumba.

"Kuja hapa. Kabla hajamkata, mwangalie uso kwanza."

Nikapiga magoti, nikamwangalia. Baba mkubwa naye akainama pembeni yangu, kisu nyuma ya mgongo, akamwangalia.